Mama Marudio na Miguu Isiyokuwepo

Tarehe 30 Juni mwaka huu, baada ya miaka thelathini na mitatu ya kazi, Mama Marudio wa chumba cha kumbukumbu za wagonjwa anastaafu. Ameomba programu hii ya sherehe ya kumuaga isitaje umri wake, nasi tumetii, ingawa anayejua kujumlisha atajua mwenyewe. Ameomba pia asisifiwe mno. Hilo hatukuahidi.

Kwa wageni wetu ambao hawajawahi kushuka huko chini, chumba cha kumbukumbu kiko mwisho wa ukumbi, kati ya maabara na stoo ya mashuka. Kina rafu hadi darini, kompyuta tatu ambazo mbili hufanya kazi, na dirisha moja linalotazama benchi la kliniki ya mifupa. Chini ya dirisha hilo ndipo ilipo meza yake. Mezani pana rula ya mbao ya kufuatia mistari, miwani ya akiba, na kikombe cha chai ya rangi ambacho, ukiacha siku moja tutakayoieleza, hakijawahi kuonekana kimejaa wala kimeisha.

Kazi yake ni rahisi kuieleza na ngumu kuifanya. Daktari akishamwona mgonjwa, huandika. Alichoandika hushuka kwetu, nasi hukigeuza kuwa msimbo, yaani safu fupi ya herufi na tarakimu inayosema mgonjwa ana nini, upande gani, na hali imefikia wapi. Mwisho wa mwaka misimbo hiyo hujumlishwa na kupelekwa juu, na huko juu ndiko wanakoamua hospitali ipewe nini na inyang'anywe nini. Kwa hiyo karani wa misimbo akipiga chafya vibaya, hospitali nzima hupata mafua.

Aliajiriwa kama karani wa kutafuta mafaili. Enzi hizo hapakuwa na kompyuta, palikuwa na ngazi ya mbao, na aliipanda akiwa mjamzito wa mwanawe wa kwanza hadi msimamizi alipoificha ngazi. Akachukua kiti, akasimama juu yake. Msimamizi akaficha na viti. Wiki hiyo chumba kizima kilifanya kazi kwa kusimama, na ndipo ikaamuliwa kwamba ni nafuu kumpa meza.

Alipewa meza ya mifupa kwa sababu hakuna aliyeitaka. Faili la malaria ni jembamba: mtu anaugua, anapona, anasahau. Faili la mguu uliovunjika hunenepa. Mwenye mguu hurudi baada ya wiki mbili, hurudi baada ya wiki sita, hurudi kukatwa plasta, hurudi kuuliza mbona bado anachechemea. Wengine walikimbia unene huo. Yeye aliupenda. Alisema mafaili ya miguu ndiyo pekee yenye mwisho mwema, maana ukifungua ukurasa wa kwanza mtu amebebwa, na ukifungua wa mwisho amekuja mwenyewe.

Sasa tufike kwenye jambo ambalo wengi mnalijua nusunusu, na ambalo kila anayelisimulia huongeza chumvi yake. Tulieleze lilivyokuwa.

Miaka kumi na miwili iliyopita, mwezi wa Februari, kililetwa kitabu kipya cha misimbo. Cha zamani kilikuwa na huruma: mguu uliovunjika ulikuwa mguu uliovunjika, basi. Kipya kilitaka kujua zaidi. Kila msimbo wa mfupa uliovunjika uliishia kwa alama moja ya kueleza mgonjwa amefikia wapi. Je, ndiyo kwanza anatibiwa? Au amerudi kuangaliwa, na mfupa unaunga vizuri? Au unachelewa? Au umekataa kuunga? Au umeunga kombo? Semina ya kutufundisha ilikuwa ya siku mbili, na somo la alama ya mwisho lilipangwa siku ya pili, mchana. Siku ya pili umeme ulikatika saa nne asubuhi. Mwezeshaji alingoja hadi chai, akangoja hadi soda, kisha akatushukuru kwa usikivu wetu. Tukapigwa picha ya pamoja, tukaenda nyumbani.

Tukarudi kazini tukiwa tunakijua kitabu chote isipokuwa mwisho wake. Mfano pekee tuliouona ukutani kabla ya giza ulikuwa wa mgonjwa mpya, basi na sisi tukawapa wagonjwa wote alama ya mgonjwa mpya. Aliyevunjika jana, mpya. Aliyekuja kukatwa plasta, mpya. Aliyeingia bila gongo, akitembea, akiwa amemletea daktari ndizi za shukrani, mpya. Kulikuwa na fundi cherehani aliyeanguka ngazini mara moja tu maishani mwake. Kufikia Desemba kompyuta ilikuwa imemhesabia miguu minane iliyovunjika, yote ya kulia. Hata pweza ana ya kushoto.

Taarifa ya mwaka ilipopanda juu, huko juu walishtuka, na ni haki yao. Kwa hesabu zetu mji huu ulikuwa unatambaa. Msaada ukaja haraka, kwa njia mbili.

Njia ya kwanza ilikuwa matuta ya barabarani. Halmashauri ya mji iliuliza ni mtaa gani unaovunja watu zaidi, na mafaili yakajibu bila kusita: mtaa wa nyuma ya hospitali. Sababu yake tunaijua leo. Anayekaa karibu na hospitali hakosi tarehe ya kurudi hata moja, na anayekaa mbali hukosa, kwa hiyo majirani zetu walionekana kuvunjika kila mara kumbe walikuwa watiifu tu. Mtaa wenyewe hautokei popote. Magari yake ni mkokoteni wa maji na gari la mkuu wa hospitali, ambalo mara nyingi husukumwa. Lakini yalijengwa matuta matatu, marefu, yakapakwa rangi nyeupe.

Njia ya pili ilikuwa chumba cha pili cha plasta na fundi wa pili wa kukaa humo. Ndivyo tulivyompata Bwana Muhogo. Jina hilo alipewa na wagonjwa, kwa sababu kila mguu uliotoka mikononi mwake ulikuwa mnene, mweupe na laini kama muhogo uliomenywa. Alihama kutoka mbali sana, akaja na mke, mapacha wa miezi michache na godoro moja, akapanga vyumba viwili karibu na soko. Siku yake ya kwanza aliomba chai dirishani kwetu na kumwita mwenye kikombe "mama mkwe". Mama Marudio akamjibu kwamba ana watoto wa kiume watupu. Bwana Muhogo akasema atangoja. Tangu hapo utani haukuisha. Akipita, utasikia, "Mama mkwe, binti hajazaliwa tu?" Naye, bila kuinua macho kwenye rula, "Akizaliwa nitamficha."

Mtu wa kwanza kuumizwa na msaada huo alikuwa muuza maziwa wa baiskeli. Alikuwa amepita mtaa ule miaka yote bila kuchubuka hata kidole. Asubuhi moja, yeye na tuta la kati walikutana bila kutarajiana, maziwa yakaenda huku, yeye akaenda kule. Mfupa wa muundi, kushoto. Wazee wa mtaa wanashikilia kwamba huo ndio mguu wa kwanza kuvunjika pale tangu mtaa uwe mtaa.

Alitibiwa, akafungwa plasta, akawa anarudi kwa tarehe zake. Katika ziara yake ya nne karani wa mapokezi alikuwa msibani, na dirishani alikaa Mama Marudio. Alitafuta jina kwenye kompyuta, akasoma, akavaa miwani ya akiba juu ya ile aliyokuwa nayo, akasoma tena. Kisha akamuuliza kwa upole kama ni yeye aliyevunjika mguu wa kushoto mara nne tangu Agosti. Muuza maziwa akategemea magongo yake. "Mama," akasema, "mimi nilivunjika mara moja. Hizo nyingine nilikuja mnione."

Benchi zima lilicheka. Mama Marudio alicheka kuliko wote, hadi akafuta machozi kwa ncha ya kitenge. Halafu akaacha kucheka. Alirudi mezani, akafungua kitabu kipya kwenye kurasa ambazo semina haikuzifikia, akazisoma mpaka mwisho, akafungua faili la fundi cherehani, kisha la jirani yake, kisha la jirani wa jirani yake. Mchana ule kikombe chake kilionekana kimejaa kwa mara ya kwanza, kwa sababu hakukigusa.

Kulikuwa na ushauri mwingi. Mmoja wetu alimwambia, "Mama, nyamaza. Miguu haina mdomo." Akajibu, "Haina mdomo, lakini ina wenyewe." Akaomba wasaidizi wawili, na kuanzia Jumatatu iliyofuata wakaanza kupitia mafaili ya miguu ya mwaka mzima, moja baada ya jingine, wakiuliza swali moja tu: huyu ndiyo kwanza anakuja, au amerudi? Anayerudi walimtafutia alama yake. Kila mara sauti ya Mama ilisikika ikisema, "Marudio. Marudio. Huyu naye marudio." Wafagiaji wakaanza kumwita hivyo, kisha wauguzi, kisha mumewe mwenyewe. Leo hata hati ya mshahara ikiletwa ikiwa na jina lake halisi, tunauliza ni ya nani.

Alipomaliza, sehemu kubwa ya miguu iliyovunjika mjini ilikuwa imetoweka. Alizibeba hesabu hizo mwenyewe hadi kwa mkuu wa hospitali. Mkuu alizisoma, akatazama dirishani, kisha akauliza, "Mama, kwa hiyo mji huu unatembea?" Akamjibu, "Unatembea, mkuu. Wachache wanachechemea, lakini ni wale wale."

Mkuu alicheka, akamshukuru, na kuahidi kutuma taarifa sahihi. Halafu akasema jambo ambalo mtu yeyote mwenye cheo chake angelisema. Kama miguu mipya ni michache hivi, fundi mmoja wa plasta anatosha. Nafasi ya pili itafungwa baada ya robo mwaka.

Habari mbaya haihitaji msimbo. Kabla Mama Marudio hajashuka ngazi, Bwana Muhogo alikuwa amekwisha kuambiwa, na alikuwa amesimama ukumbini na mikono yake imeloa chokaa ya plasta hadi kwenye viwiko. Hakumwita mama mkwe. Alimwita Mheshimiwa, na wote tuliokuwa karibu tulisikia baridi ya neno lile. "Mheshimiwa, nasikia umenifutia miguu." Akajibu kwamba amefuta isiyokuwepo. Bwana Muhogo akasema, "Mimi nina watoto waliopo." Akageuka, akarudi kwenye chumba chake, na alama ya mkono wake ikabaki mlangoni, nyeupe.

Mama Marudio alirudi mezani kwake. Hesabu aliyoisahihisha ilikuwa kweli. Mapacha nao walikuwa kweli. Kuirudisha miguu ya uongo ili kumwokoa rafiki hakuweza, na kumtazama rafiki akifungasha godoro pia hakuweza. Siku kadhaa aliandika misimbo yake, na mlangoni kwetu hapakupita mtani wa kuuliza habari za binti.

Ijumaa, siku ya kliniki ya miguu, alibeba kiti chake, akakiingiza kwenye chumba cha pili cha plasta, akakaa pembeni. Bwana Muhogo alimuuliza kama Mheshimiwa amekuja kumhesabu na yeye. Akasema ndiyo. Hakutoka hadi mgonjwa wa mwisho.

Siku ile aliona mambo ambayo hajawahi kuyasoma katika faili lolote. Aliona mguu uliokuwa umevimba sasa umepungua, plasta imebaki inalegalega kama buti la mtu mwingine, na fundi akiikata yote na kuifunga upya. Aliona plasta iliyotobolewa kidirisha ili kidonda kisafishwe. Aliona iliyolowa mvua ikawa uji. Aliona mama mwenye plasta ya paja akifundishwa kushuka ngazi kwa magongo: mguu mbaya kwanza ukishuka, mguu mzuri kwanza ukipanda, na fundi akimwimbia hatua hizo kama mwalimu wa chekechea. Hakuna hata mmoja kati yao aliyekuwa mgonjwa mpya. Na katika mafaili yao, siku zote, daktari alikuwa ameandika hali ya mfupa na tarehe ya kurudi, kwa usahihi, kama inavyompasa. Kuhusu plasta hapakuwa na neno, kwa sababu daktari hakuigusa.

Wagonjwa walipokwisha, alimwambia, "Kazi yako haimo." Akauliza haimo wapi. "Popote. Daktari anaandika mfupa, wewe huandiki kitu. Kwa mafaili yetu, plasta za hospitali hii hujibadilisha zenyewe." Bwana Muhogo akamkumbusha kwamba yeye ni fundi, siyo karani, na mikono yake ni ya plasta, siyo ya kalamu. "Basi endelea," Mama Marudio akasema, akinyanyua kiti chake, "utakuwa fundi asiye na pa kufanyia ufundi."

Jumatatu Bwana Muhogo alianza kuandika. Tusidanganye, mwanzo ulikuwa mbaya. Maelezo yake ya kwanza yalisema, "Nimefungua. Nimefunga." Yaliyofuata yalisema, "Kama juzi." Mama Marudio aliyarudisha yote na swali: umefungua kwa nini? Akaandika, "Kwa sababu ilikuwa imefungwa." Akayarudisha. Hapo utani ulianza kunusa mlangoni, ingawa Mheshimiwa bado alikuwa Mheshimiwa. Tatizo jingine lilikuwa chokaa. Aliandika mikono ikiwa imeloa, kurasa zikakauka zikawa ngumu kama vigae, na mengine katika mafaili hayo yalisimama rafuni yenyewe bila kuegemezwa. Moja lilimwangukia mtunza kumbukumbu mguuni. Alikwenda kuonekana, hakuvunjika, na tuliingiza msimbo wake kwa uangalifu mkubwa.

Taratibu akaweza. "Plasta imelegea baada ya uvimbe kupungua, imebadilishwa, vidole vina joto." "Imepasuka kisigino, mgonjwa amekiri kucheza mpira nayo, imezibwa, amegombezwa." Alianza hata kuona mambo kabla ya daktari kuyauliza, na daktari wa mifupa akaanza kusoma maelezo ya fundi kwanza kabla ya kufungua picha za eksirei, akisema yana habari zaidi na vichekesho zaidi.

Siku ya mwisho ya robo mwaka walipanda ngazi pamoja. Hawakujua watapewa nini. Bwana Muhogo alikuwa amevaa shati jeupe, na mkewe, kwa tahadhari, alikuwa amekwisha kulikunja godoro. Mama Marudio alimweleza mkuu mambo mawili tu. Kwamba miguu mipya ni michache, na itabaki michache, na hilo ni jambo la kumshukuru Mungu. Na kwamba zaidi ya nusu ya waliorudi walipita mikononi mwa fundi huyu, kwa kazi ambayo hapo awali haikuwa imeandikwa na mtu yeyote. Akaweka mafaili mezani. Mkuu alifungua la juu, likatoa sauti ya kuvunjika kwa biskuti, na kipande cha ukurasa kikaanguka sakafuni. Akasoma kwa muda mrefu. Akauliza yule aliyecheza mpira na plasta anaendeleaje. Bwana Muhogo akasema mfupa umeunga, na mwenyewe amegombezwa tena.

Uamuzi haukuwa mtamu wote. Chumba cha pili kilichukuliwa kikawa stoo ya mitungi ya oksijeni, na kwa karibu miaka miwili fundi alifanya kazi ukumbini nyuma ya pazia, akigongana mabega na watu kila mlango ulipofunguliwa. Lakini nafasi yake ilibaki, safari hii ikiwa kliniki ya marudio. Waliposhuka, wagonjwa waliokuwa benchini wanakumbuka kelele moja tu kutoka ngazini, "Mama mkweee!", na magongo matano yakaanguka kwa mshtuko. Hakuna aliyeumia. Tulihakikisha.

Kuhusu matuta, tuliandika barua ya kuomba yaondolewe. Halmashauri ilijibu kwamba kuyajenga kulikuwa na fungu lake, kuyabomoa hakuna. Yapo hadi leo. Muuza maziwa huteremka na kuivusha baiskeli kwa mkono, na akipita chini ya dirisha letu humsalimia Mama Marudio kwa kupiga kengele.

Miaka iliyofuata Mama Marudio amewafundisha makarani wote mnaowaona leo. Semina zake huanza na alama ya mwisho, saa mbili kamili asubuhi, wakati umeme bado una adabu. Madaktari nao amewafundisha, kwa njia inayowafaa. Daktari asiposema mfupa unaendeleaje, hupelekewa kikaratasi cha swali, na Mama Marudio hukipeleka kwa mguu wake mwenyewe. Daktari wa mifupa wa sasa alipokuwa mgeni alijaribu kujificha kwenye stoo ya mashuka. Alipotoka alikuta kikaratasi kimebanwa kwa pini kwenye koti lake: "Daktari, umeandika 'sawa'. Sawa ya mfupa, au sawa ya chai?" Anacho hadi leo, kimebandikwa juu ya meza yake. Tunamwomba asikiondoe.

Tuseme pia kasoro yake moja, maana wasifu bila kasoro ni tangazo la biashara. Hajui sura za watu. Mgonjwa aliyemshughulikia kwa miezi kumi akimsalimu sokoni, yeye hutazama mguu kwanza, anatabasamu, kisha ndipo anapanda kutafuta uso. Siri za wagonjwa hajatoa hata moja, lakini watu wa mjini wamezoea kuvuta suruali kidogo wanapomwona, ili wasalimiane vizuri.

Kuanzia Julai anasema atakaa kwenye kibanda cha mumewe, ambaye ni fundi viatu. Mzee ametuomba tumshauri apumzike nyumbani. Wanawe wamesema hawaingilii. Mjukuu wake, wa miaka minne, amekwisha kuulizwa kama donda lake la goti ni jipya au ni lile la wiki iliyopita.

Kamati ya sherehe ilimwomba Bwana Muhogo aseme maneno machache leo. Mapacha wake sasa wako darasa la sita, naye ndiye msimamizi wa chumba cha plasta, chenye mlango wa kweli. Alikataa. Alisema atalia, na plasta na maji havipatani. Tulipozidi kumbana alifuta mikono, akachukua kalamu, akaandika mstari mmoja, akasema huo tuuchape ulivyo. Tumeuchapa ulivyo:

"Watu wengi hapa walinipenda. Mama huyu alinipenda, halafu akanihesabu."

Asante, Mama Marudio, kwa kila faili ulilolirudisha na kila swali ulilotupandishia ngazi. Maisha yaliyo mbele yako yawe mema na marefu, chai yako iishe ikiwa bado ya moto, na miguu yako ibaki ile ile miwili, isiyo na msimbo.